Nilivyoipanga upya wiki ya kitengo chetu cha TEHAMA

Wiki yetu, yaani tovuti ya ndani ambayo wafanyakazi wenyewe huandika na kuhariri maelezo, inatumia MediaWiki, programu ileile inayoendesha Wikipedia. Nilipokabidhiwa kuipanga, nilikuta ukurasa wa "Printa", mwingine wa "Printer mpya", na wa tatu "Printa FINAL tumia hii". Nilipofungua historia zao, nikaona mafundi wanaendelea kuhariri ule wa kwanza tu. FINAL ulishasahaulika.

Sikufuta kitu. Yaliyokuwa na maana kwenye kurasa zilizorudiwa niliyahamishia kwenye ukurasa mmoja, zilizobaki nikazifanya za kuelekeza, yaani anayezifungua anapelekwa moja kwa moja kwenye ule mmoja. Hata ukibadilisha jina la ukurasa, MediaWiki huacha jina la zamani likimpeleka msomaji kwenye jipya, hivyo viungo ambavyo watu walishatumiana WhatsApp havikufa. Kabla ya kugusa ukurasa wowote nilibofya "Viungo viungavyo ukurasa huu" nione nani anautegemea.

Kilichonila muda ni majina. Fundi huandika "Usanidi wa VPN", yaani namna ya kuandaa njia salama ya kuingia kwenye mfumo wa ofisi ukiwa nje. Mhasibu aliyekwama nyumbani saa tatu usiku hatafuti usanidi, anatafuta "siwezi kuingia kwenye mfumo". Basi nikarudi kwenye jumbe za kuomba msaada, nikayachukua maneno ya watu yalivyo, hata "mtandao umegoma", nikayafanya majina ya kuelekeza kwenye kurasa husika. Sasa ukiandika malalamiko yako kwenye kisanduku cha kutafuta, unafika.

Bosi alitaka tupange kwa idara. Nilimpinga, kwa heshima zote: kwetu idara huunganishwa na kutenganishwa kila bajeti mpya ikija. Tukakubaliana jamii chache za kazi (kwenye wiki, jamii ni kundi la kurasa), yaani Vifaa, Akaunti, Mtandao na Taratibu. Ukurasa mmoja unaruhusiwa kukaa kwenye jamii zaidi ya moja, kwa hiyo hakuna haja ya kugombania printa ya mtandao ni ya nani.

Halafu kuna kigezo nilichotengeneza, "Ihakikiwe": kipande cha maandishi kilichoandaliwa mara moja ili kibandikwe kwenye kurasa nyingi. Mtu akiona maelezo yamepitwa na wakati anakibandika juu ya ukurasa, nao unaingia wenyewe kwenye jamii yenye jina hilo. Ijumaa mchana naifungua jamii hiyo na kugawa kazi.

Fundi mmoja mzee bado anaandika kila kitu kwenye daftari lake. Huyo namwomba anitumie picha, naandika mwenyewe.