Kuzunguka ghuba ya Kigoma kwa boti: vita ya Wazungu, mizigo ya babu zetu

Watu wengi wakija Kigoma wanakwenda Gombe kuona sokwe, wakirudi wanapita Ujiji kupiga picha pale kwa Livingstone, alafu wanapanda treni wanaondoka. Sio vibaya. Ila kuna kitu kipo hapo hapo mjini, kwenye maji yale yale wanayoyavuka, na naona hakisemwi vya kutosha: hii ghuba ilikuwa ngome ya Mjerumani kwenye Vita Kuu ya Kwanza, na meli iliyotisha ziwa zima wakati huo ndo hii hii Liemba tunayoijua sisi.

Mi ni mtu wa Tabora, kwa hiyo hii vita nimeisikia tangu mdogo kwa bibi, maana kwetu iliingia ndani ya nyumba. Ila upande wa ziwa nilikuwa naujua juu juu tu. Sasa safari hii tukajikusanya watu kadhaa, wengine wenyeji wengine wageni kama mimi, tukapatana bei ya boti pale Kibirizi, na rafiki yangu mmoja akamwomba mzee jirani yao, fundi wa injini mstaafu wa meli za ziwani, atuongoze. Mzee akakubali kwa sharti moja, tuondoke asubuhi mapema kabla upepo haujaanza, na kila mtu avae laifu jaketi hata kama anajua kuogelea. Sikumsikia mtu akibisha.

Boti ikatoka taratibu ikashika kusini kuelekea bandarini. Mzee akasimama mbele, akamwambia kijana wa injini apunguze moto, akaanza na reli. Akasema mwanangu, ukitaka kuelewa vita hii usianze na bunduki anza na reli. Reli ya kati ilifika Kigoma mwanzoni mwa 1914, miezi michache tu kabla vita haijaanza Agosti, na bila hiyo reli hakuna meli kubwa ingefika hapa. Meli yenyewe ilijengwa Papenburg, Ujerumani, kwenye kiwanda cha Meyer, ikaundwa mzima mzima alafu ikafumuliwa tena yote, ikafungwa kwenye makasha kama elfu 5, ikaletwa kwa meli hadi Dar, toka Dar kwa treni hadi huku. Mafundi watatu wa Kijerumani wakaja nayo kuiunga upya, mkuu wao Anton Rüter. Na hapo mzee akanyoosha kidole kimoja juu: watatu! Watatu hawaungi meli ya mita 70. Walioshika misumari ya moto na nyundo ni mafundi wa Kihindi na vibarua wetu, wengi, jua kali, na ukisoma habari za hii meli hao watatu utawakuta kwa majina yao kamili, hawa wengine utakuta wameandikwa "wenyeji" basi.

Februari 1915 ikashushwa majini, katikati ya mwaka ikaanza kazi, jina lake Graf von Götzen. Hili jina ningependa kila mtu alijue linatoka wapi. Huyu Götzen alikuwa gavana wa koloni kuanzia 1901 hadi 1906, yaani ndo alikuwa kwenye kiti vita ya Maji Maji ilipozimwa kwa kuchoma mashamba na maghala ya chakula mpaka njaa ikamaliza watu wa kusini. Meli iliyoungwa kwa mikono yetu ikapewa jina la mtu huyo. Kwenye boti kulikuwa na dada mmoja kutoka Songea, aliposikia hivyo akauliza mara mbili, mzee ni yule yule? Ni yule yule. Akanyamaza muda mrefu sana na mimi sikuwa na la kumwambia.

Bandari tuliiangalia kwa nje, kwa umbali, maana ni eneo la serikali huwezi kujipeleka tu na kamera, na mzee alituambia mapema simu ziwe mfukoni. Siku hiyo Liemba ilikuwa imefungwa gatini imetulia. Nimeshaiona mara nyingi ila ukiitazama ukiwa chini majini ukubwa wake unaupata vizuri zaidi, na unaelewa kwa nini wale wa ng'ambo, Wabelgiji waliokuwa wanatawala Kongo, waliogopa. Vita ilipoanza Wajerumani walikuwa na viboti vidogo, Hedwig von Wissmann na Kingani, na kwa hivyo vidogo tu walishaharibu meli ya Wabelgiji, Alexandre Delcommune, mwezi huo huo wa Agosti 1914. Ziwa likawa lao. Ikija Götzen ndo kabisa, wanasafirisha askari na mizigo watakapo toka Kigoma mpaka kule kusini mpakani, na juu yake wakafunga mzinga wa kutoka Königsberg, ile manowari iliyopigwa na kuishia Rufiji Julai 1915. Fikiria mzinga wa manowari ya baharini umetolewa kwenye mikoko ya Rufiji unakuja kukaa Kigoma.

Tukavuka kuelekea Bangwe, ile rasi inayoifunga ghuba kwa kusini. Hapo maji yanabadilika, ndani ya ghuba ni tulivu alafu ukitokeza tu nje unahisi ziwa lenyewe, boti inaanza kucheza. Asubuhi ile kulikuwa kweupe, milima ya Kongo inaonekana ng'ambo, na mzee akageuka akatuonyesha kusini magharibi, kule ndo Kalemie, enzi hizo Albertville, na kule ndo Waingereza walipoleta dawa ya Götzen.

Sasa hii sehemu ndo inapendwa na watu wa filamu na vitabu, ile habari ya boti mbili zilizoitwa Mimi na Toutou. Jeshi la maji la Uingereza lilizituma toka London mwaka 1915 chini ya afisa anaitwa Spicer-Simson. Kwa meli hadi Cape Town, kwa treni hadi Fungurume huko Katanga, na kutoka hapo hakuna reli, kuna pori na milima ya Mitumba. Boti za mita 12, tani kadhaa kila moja, zikavutwa na matrekta ya mvuke na maksai, zikapandishwa mlima, zikateremshwa, zikarudi kwenye treni, zikapita mto Lualaba, treni tena mpaka ziwani. Zikafika mwishoni mwa Oktoba. Tarehe 26 Desemba 1915 wakaiteka Kingani, wakaipaka rangi wakaiita Fifi, na tarehe 9 Februari 1916 Fifi na wenzake wakaizamisha Hedwig. Ilipokuja Götzen yenyewe kuangalia mwenzake kapotelea wapi, Spicer-Simson akakataa kwenda kupigana nayo, na hakuipiga hata siku moja.

Ni hadithi tamu, siwezi kukataa. Lakini mzee akauliza swali ambalo mi bado ninalo kichwani: barabara ya kupitisha boti mlimani nani aliikata? Madaraja nani aliyajenga? Maji ya kunywesha yale matrekta ya mvuke nani aliyabeba kichwani, maana yanakunywa maji kuliko ng'ombe na kule ilikuwa kiangazi? Watu wa Kongo, wanaume kwa wanawake, mamia kwa mamia. Kwenye hadithi wanapita nyuma nyuma tu kama vile milima.

Hapa nitoke kidogo kwenye boti, mnivumilie. Vita hii huku kwetu haikuwa ya mahandaki kama Ulaya, ilikuwa vita ya kutembea, na farasi na ng'ombe walikuwa wanakufa kwa mbung'o, magari machache mno, kwa hiyo karibu kila gunia la mchele na kila sanduku la risasi lilikaa kwenye kichwa cha mtu. Kila upande ulikamata wapagazi, Mjerumani, Mwingereza, Mbelgiji, wote. Walikufa kwa kuhara, malaria, njaa na kuchoka, kuliko kwa risasi. Mwaka 2021 tume ya Jumuiya ya Madola inayotunza makaburi ya vita ilitoa ripoti ikakiri kwamba watu wasiopungua 116,000, na pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, waliokufa kwenye vita ile hawakukumbukwa kwa majina au hawakukumbukwa kabisa. Soma tena hiyo namba taratibu. Bibi yangu alikuwa akisema mjomba wa baba yake alichukuliwa shambani na jembe lake likabaki palepale limesimama, hakurudi, na hakuna aliyekuja kusema amekufa wapi. Familia za Unyamwezi zenye habari kama hiyo ni nyingi mno.

Haya turudi majini. Kutoka Bangwe tukashuka na pwani, tukapita Katonga, vijana wanaanika dagaa, watoto wanatupungia mikono, na mzee akaeleza mwisho wa Götzen huku injini imezimwa kabisa tunaelea. Juni 1916 Wabelgiji wakaanza kuishambulia Kigoma kwa ndege za kutua majini walizopewa na Waingereza. Jamani, ndege! Kigoma! Mwaka 1916! Wakati huo mizinga mikubwa ya Götzen ilishaondolewa kwenda kupigana nchi kavu, wakawa wameweka ya mbao ili adui akiona kwa mbali aogope. Wabelgiji nao wanashuka kwa miguu toka kaskazini. Kamanda wa Kijerumani, Zimmer, akaona hakuna namna, ila badala ya kuilipua meli wale mafundi wakazipaka injini grisi nzito kila mahali, wakaijaza mchanga, na tarehe 26 Julai 1916 wakaizamisha wenyewe taratibu, sio mbali na bandari, kwa nia ya kurudi kuichukua. Hawakurudi. Siku mbili baadaye Kigoma ikawa ya Mbelgiji, Wajerumani wakapanda treni kukimbilia Tabora.

Na Tabora ndo kwetu. Wajerumani walishafika mahali pa kutengeneza pesa zao pale pale kwenye karakana ya reli, sarafu za shaba mpaka za dhahabu za rupia 15 za mwaka 1916, ambazo leo wakusanyaji wa sarafu wanazigombania. Jenerali Tombeur wa Ubelgiji akauingia mji tarehe 19 Septemba 1916 na kwao akaja kupewa heshima ya kuitwa baroni wa Tabora. Askari wake walikuwa Wakongo. Waliokuwa wanawazuia walikuwa askari weusi wa Mjerumani, wengine vijana wa hapo hapo. Baroni wa Tabora, na watu wa Tabora hawajawahi hata kuulizwa.

Meli Wabelgiji waliinyanyua, ikazama tena. Waingereza wakaitoa 1924, wakakuta ile grisi imefanya kazi yake, injini zinafaa, na 1927 ikaanza safari kwa jina la Liemba. Hapo mzee uso ukafunguka kabisa, maana sasa anasema habari zake mwenyewe. Alituambia jinsi meli ilivyokuwa inasimama katikati ya maji na mitumbwi ilivyokuwa inaikimbilia toka vijijini kusikokuwa na gati, mananasi, mahindi, magunia ya dagaa, kina mama wanapandishwa na watoto mgongoni. Mwaka 1997 ilirudisha makumi ya maelfu ya wakimbizi Kongo. Mei 2015 ndo ilikwenda Kagunga, kijiji cha mpakani na Burundi, kuwatoa Warundi waliokimbia kwao wakakwama pale ufukweni na kipindupindu kimeshaingia, mamia kwa kila safari, kuwaleta Kigoma. Meli iliyotengenezwa ikatumika kwa vita, na miaka 100 baadaye ikabeba watu wanaokimbia machafuko. Mzee alisema hiyo ndo kazi anayoihesabu.

Kwa anayetaka kwenda: tafuta mtu aliyefanya kazi ziwani, usichukue tu boti ya kwenda kuogelea. Nenda asubuhi. Patana bei mapema na muulize nani analipia mafuta. Ukishuka panda pale stesheni ya treni uitazame, jengo la Mjerumani bado linatumika, na ukimaliza, kula mgebuka (samaki wa ziwani) wa mawese na ugali wa muhogo, hutajuta.

Mi nimerudi Tabora na kazi moja. Nataka kukusanya majina. Kama kwenye ukoo wenu kuna babu aliyechukuliwa kubeba mizigo ya vita ya Mjerumani, awe alirudi au hakurudi, niandikie jina lake, kijiji alichotoka na chochote wazee walichosema, hata kama ni sentensi moja. Nimeshaandika la kwanza, la yule mjomba wa baba yake bibi, na dada wa Songea ameahidi kumuuliza baba yake mwezi huu.