Wakorea na mieleka ya PS2, mie nawaelewa kabisa

Yakhe, kuna watu wananiuliza kwa nini nakesha naangalia video za Wakorea wanacheza SmackDown Here Comes the Pain, gemu ya mieleka ya 2003 ya PS2, yaani PlayStation 2, na wakati mpya zinatoka kila leo. Kwa sababu ile gemu ni tamu bwana, na Wakorea wanaijua utamu wake.

Walioitengeneza ni Wajapani, Yuke's, na ndani mna vizazi viwili vya wanamieleka wa Marekani kwa mpigo. Stone Cold na The Rock bado wapo, Goldberg yumo, halafu ndo mara ya kwanza John Cena, Batista na Rey Mysterio kuingia kwenye gemu za SmackDown, na wakongwe kina Roddy Piper pia wamo. Lakini raha yenyewe ipo kwenye pedi. Unamkamata mtu kwanza, kwa nguvu au kwa wepesi au kwa kumnyonga, kisha ndo unachagua umfanye nini, na pale kwenye skrini kuna kipicha cha mwili wake, ukimshughulikia mguu tu unauona ule mguu unabadilika rangi mpaka mwekundu, hapo usihangaike na kichwa, rudi mguuni mule mule mpaka agonge chini mwenyewe. Kujitoa nako kuna kitufe cha kuzuia ngumi na kingine cha kuzuia kukamatwa, ukikosea umeliwa. Gemu nyingi za siku hizi picha safi lakini hazina kasi ile, huo ndo msimamo wangu.

Sasa Korea Kusini PS2 iliingia rasmi 2002, na kule walikuwa na vyumba vya gemu vya kulipia saa, mnakaa wawili bega kwa bega, kama vibanda vyetu vya gemu Jang'ombe na Chake Chake, aliyefungwa anampisha mwengine. Nchi ya intaneti kali, vijana wamejaa StarCraft, gemu ya vita ya kompyuta, lakini mieleka wakaicheza na mtu wa kando yake, maana utamu wa kumpiga mtu chini ni umsikie anapiga kelele pale pale!

Na mieleka kwao ina mizizi. Miaka ya 60 na 70 walikuwa na Kim Il, bingwa wa kupiga kichwa, aliyefundishwa na Rikidozan, gwiji wa mieleka ya Japani, pamoja na wanafunzi wenzake kina Giant Baba na Antonio Inoki, akipanda ulingoni mtaa mzima unajazana kwa mwenye televisheni. Ami yangu anavohadithia televisheni ya rangi ilivoingia Unguja miaka hiyo ya 70 ni hivo hivo, watu mpaka madirishani. Kwa hiyo mtoto wa Seoul aliyeshika pedi 2003 alishasikia habari za Kim Il kwa babu yake, si mgeni wa mambo haya.

Kama kuna mtu Mjini au Ng'ambo bado ana PS2 na pedi mbili nzima na CD yenyewe, anitafute. Mie nachukua Rey Mysterio, na ngazi tuweke ulingoni.