Shangazi na Kopo la Risiti

Mpaka wa Lungalunga, baina ya Kenya na Tanzania, ulifungwa Februari 1977, Jumuiya ya Afrika Mashariki ikivunjika, na haukufunguliwa hadi Novemba 1983. Kwa wengine hiyo ilikuwa habari ya siasa. Kwetu sisi wa Mombasa, tuliooana na kuzikana na watu wa Tanga tangu enzi na enzi, ilikuwa ni kukatwa na jamaa zetu. Babu alipofariki, shangazi aliyeolewa upande wa Muheza alipata habari arubaini imeshapita.

Mapema 1984 alivuka feri ya Likoni na kikapu cha machungwa, akafika kwetu Majengo. Nilikuwa darasa la saba. Nyanya alimshika, akalia, akamkagua mikono na shingo kama anayetafuta jeraha. Alikuwa amekonda sana.

Siku ya pili nilitumwa nimpeleke dukani. Aliuchukua mche wa sabuni ya kufulia, akaunusa, akaurudisha, akauchukua tena. Akauliza bei. Kisha akamwuliza mwenye duka, kwa heshima zote: "Mtu anaruhusiwa mingapi?"

Mwenye duka alicheka. Wanawake waliokuwa barazani nao wakacheka, na neno hilo likazunguka mtaa mzima kabla ya magharibi. Kule kijijini kwake sabuni ililetwa na lori kwenye duka la kijiji na kugawiwa kwa kaya, na kuna miezi lori halikuonekana kabisa. Swali lake lilikuwa la mtu anayejua foleni. Kicheko kile kiliniuma, na mpaka leo nikikikumbuka kinaniuma.

Usiku ami, karani wa bandarini, alimkalia kitako. "Dada, miaka yote redio yenu inatuita manyang'au. Azimio la Arusha mmelitangaza 1967. Limewapa nini? Hata sabuni hamna!"

Nilidhani shangazi atakitetea chama tawala cha kwao. Hakukitetea. Alisema waliambiwa wakae pamoja katika vijiji vya Ujamaa wapate shule, zahanati na maji, na mwanzo ilikuwa hiari. Mwaka 1973 Mwalimu Nyerere akasema sasa ni amri, na mgambo wakaja. Wanakijiji wakaiacha minazi na michungwa aliyoipanda mama mkwe wake kwa mkono wake. Yule bibi hakuishi sana katika kijiji kipya. Shule ilikuja kweli. Zahanati ilikuja. Bomba lilikuja, pampu ikafa, wakarudi kisimani. Mashamba ya mkonge serikali iliyachukua mengi mwaka ule ule wa Azimio, na nyuzi za viwandani zikaua bei. Shamba alilokuwa akifanya kazi mumewe liligeuka pori. Halafu mafuta yakapanda, halafu vita vya Idi Amin, 1978 hadi 1979, vikala pesa za kigeni zilizobaki. "Kiwanda kipo, mdogo wangu, spea hakuna. Sabuni itoke wapi?"

Ami hakuwa na la kujibu, lakini hakushawishika pia. Akauliza tena, taratibu safari hii: "Sasa umebaki na nini?"

Jibu lilikuja baada ya siku kadhaa, na halikuja kwa maneno.

Nyumba yetu ilikuwa ya Kiswahili, vyumba sita na ukumbi katikati, imejengwa na babu. Ardhi haikuwa yetu. Ndiyo hali ya sehemu kubwa ya Majengo na mitaa mingine ya Mombasa: nyumba yako, kiwanja cha mwingine, na kila mwezi unamlipa kodi. Shangazi alipofahamu kwamba bado tunalipa, alishangaa. Kwao ardhi ilikuwa mali ya taifa; serikali iliweza kukuhamisha, ndiyo, lakini hapakuwa na bwana wa kukugongea mlango kila mwezi akitaka kodi. Akamwomba nyanya amwonyeshe risiti.

Nyanya aliziweka risiti kwenye kopo ambalo hakuwahi kumfungulia mtu, na hakujua kusoma. Mkusanya kodi alimwandikia karatasi, naye akaiweka humo. Kwa binti yake alilifungua. Shangazi akatandika mkeka uani, akavua viatu, akaanza kuzipanga risiti kwa tarehe, mstari mmoja kwa kila mwaka, akizishikilia kwa vijiwe zisipeperuke. Midomo yake ilitembea alipokuwa akisoma. Alipofika mwaka 1982 aliacha nafasi wazi mahali pawili, akaweka kidole kwenye nafasi ya kwanza, akauliza: "Mama, mwezi huu ulilipa?"

Nyanya alilipa. Alikumbuka mpaka alikouza hereni kupata pesa hizo.

Shangazi ni mwanamke aliyeolewa bila kuijua hata *a*. Alijifunza kwenye kisomo cha watu wazima, jioni, chini ya mwembe, akifundishwa na kijana aliyemaliza darasa la saba, na mwaka 1975 akafanya mtihani wa taifa. Mwaka 1967 kiasi cha theluthi mbili ya watu wazima Tanzania Bara hawakujua kusoma. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 takwimu za serikali yao zilisema zaidi ya robo tatu wanajua. Kwetu pia kampeni ya kufuta ujinga ilianza 1979, na nyanya alisema yeye keshazeeka. Wanaouhesabu Ujamaa kwa maduka matupu wana haki yao, na machungu ya kuhamishwa kwa nguvu sitayapunguza hata chembe. Ila nataka na mkeka ule uhesabiwe. Dola maskini ilimkosesha shangazi sabuni, na dola hiyo hiyo ilimpa uwezo ambao Mombasa, pamoja na bandari yake na maduka yake, haikumpa mama yake.

Mkusanya kodi alipokuja, shangazi alimpokea barazani na miezi miwili imeandikwa kwenye karatasi ya daftari langu. Yule bwana alisema atatazama kitabu chake. Wiki iliyofuata alileta risiti zote mbili, na shangazi akazisoma kwa sauti kabla hajamruhusu aondoke.

Habari hiyo nayo ilizunguka mtaa. Kabla shangazi hajarudi Muheza, wanawake wa barazani walikuja mmoja mmoja na makopo yao, na mmoja wao alimletea mche wa sabuni.