Barua Isiyokuwa na Karatasi

Nimeitazama mara tatu filamu ya Kifini Postia pappi Jaakobille ya mwaka 2009, na kila inapokwisha fikra zangu humwendea Jaana Makkonen, aliyeandika mswada wake wa awali kabla mwongozaji Klaus Härö hajauandika upya.

Hadithi yenyewe ni ya miaka ya 1970. Leila, mfungwa wa maisha, anapewa msamaha na kupelekwa kwa mchungaji Jaakob, mzee kipofu anayeishi peke yake katika nyumba chakavu, ili amsomee barua za watu wanaoomba kuombewa na kumwandikia majibu. Wakati huo nchini Finland mfungwa wa maisha hakuwa na mlango wa kutokea isipokuwa msamaha wa Rais, kwa hiyo swali la nani aliyemwombea Leila msamaha huo lipo tangu mwanzo, ingawa mwenyewe hajishughulishi nalo.

Leila haamini chochote, na baadhi ya barua anazitupa. Baadaye barua zinakoma kabisa, na mzee, aliyejiona bado anahitajika kwa sababu ya barua hizo tu, anaanza kunyauka. Hapo ndipo ninapouona uwezo wa mwandishi. Leila anajifanya anafungua bahasha, anababaisha maneno mawili matatu, kisha anaanza kusimulia maisha yake mwenyewe kana kwamba anasoma: mama aliyempiga, dada aliyemkinga, na mume wa dada huyo, mtu katili, ambaye Leila alimuua. Mwandishi mwingine angempa mchungaji mahubiri marefu. Hapa toba inapita katika kazi ileile ya kusoma barua ambayo Leila aliidharau, na ukatili wa nyumbani, jela na upweke wa uzee vinasemwa bila mtu yeyote kupaza sauti. Heikki Nousiainen, aliyemwigiza mchungaji, anasikiliza tu, na kusikiliza kwake kunanitoa machozi kila mara. Filamu nzima haifikii dakika 80, na waigizaji wake wakuu ni watatu, lakini sijaona pengo lolote.

Leila anapomaliza, mzee hamhukumu wala hamfariji. Anamletea barua za dada yake, Liisa, ambaye miaka yote hiyo alikuwa akimwandikia mchungaji amwombee Leila.