Mlo wa jukwaani: mkeka, sinia na migongo

Ukiandaa mchezo wa kuigiza hapa Kigoma na ndani yake kuna watu wanakula pamoja, anza na namna ya kuwaketisha, chakula kitafuata. Watu sita wakilizunguka sinia kama nyumbani, hadhira inaona migongo na maneno yanaishia kwenye mchuzi. Leonardo da Vinci alilimaliza hilo kule Milan kati ya 1495 na 1498: kwenye mchoro wake wa Karamu ya Mwisho, Yesu na mitume, wote 13, wako upande mmoja wa meza, na mitume wamegawanywa watatu watatu wasionekane kama foleni. Mkekani, kaa nusu duara, uwazi uelekee hadhira.

Ugali wa kweli unapendeza macho, ila unakausha koo. Lifudikize bakuli kwenye sinia, ulivike ugali wa unene wa vidole viwili. Mlima unaonekana mkubwa, walaji wanamega kwa nyuma. Ufunike kwa kitambaa chenye unyevu, maana ukishashika ngozi unang'oka bamba zima. Tonge liwe kama punje ya harage, na liingie mdomoni pale tu mwenzako anapoanza maneno marefu. Wengi hutafuna kwenye zamu yao wenyewe, halafu wanalaumu ukumbi.

Dagaa wakavu usimpe mwenye maneno mengi, chengachenga zitamkaba. Mgebuka utolewe miba yote. Mawese yanang'ara chini ya taa lakini hayatoki kwenye kanzu. Kama mavazi ni ya kuazima, achana nayo.

Kunawa mikono usikuruke. Nani ananawishwa kwanza, nani ameshika birika: hadhira imeshaujua ukoo mzima bila kuelezwa. Nusu lita ya maji inatosha watu sita. Beseni la bati hufunika sauti za waigizaji, kwa hiyo tandika kitambaa ndani yake.

Wanaotaka kuicheza Macbeth, tamthilia ya Shakespeare, mkekani wana mtego wao. Katika tendo la 3, onyesho la 4, mzuka wa Banquo, aliyeuawa kwa amri ya mfalme Macbeth, unakaa mahali pa mfalme karamuni, na ni yeye peke yake anayeuona. Penye viti, kiti kinachogombewa kinaonekana. Mkekani nafasi ya mfalme haitofautiani na nyingine. Mwekee mfalme kigoda tangu karamu inapoanza. Na mzuka ukishakaa, wageni wamtazame mfalme. Jicho moja likikiangalia kigoda, hadhira itajua kwamba na wao wameuona, na onyesho limeharibika.