Salamu za Mwenyekiti wa Jumuiya

Wiki nzima sauti ya mwenyekiti wetu wa jumuiya haijanitoka kichwani. Ni mzee ninayempenda, ndiye aliyesimama na sisi Kibosho tulipomzika mama, na ndiyo maana inauma.

Mnakumbuka vile vitabu vya Kate Kirkpatrick, mwandishi wa falsafa, alivyoniletea mdogo wangu kutoka Uingereza. Habari za kile cha maisha ya Simone de Beauvoir, mwanafalsafa Mfaransa, nilishawaandikia. Tangu Jumatano ya Majivu nimo kwenye Sartre on Sin, cha mwaka 2017, kuhusu dhambi katika mawazo ya Jean-Paul Sartre, mwanafalsafa Mfaransa aliyekuwa mwenzi wa Beauvoir, nasoma usiku watoto wakishalala, penseli mkononi. Kigumu, lakini kinanishika.

Jumamosi tulisali kwa jirani, injili ikiwa ile ya mwana mpotevu. Zamu ya kushirikishana neno ilipofika nikayasema yaliyokuwa yakinichemka. Kwamba Sartre, mtu aliyemkana Mungu, mwaka 1943 alieleza jinsi mwanadamu anavyojikimbia na kujidanganya, na Kirkpatrick anaonyesha kwamba hayo yana mizizi kwa Mtakatifu Augustino, kupitia Pascal na wanateolojia wa Ufaransa wa karne ya 17. Dhambi aliiona vizuri sana. Alichoacha ni neema. Kwa hiyo kwake hakuna baba anayetoka mbio kumlaki mwana. Mwana anabaki na nguruwe na maganda yao, anajua kabisa amepotea, ila nyumba ya kurudi haipo.

Watu walitulia. Mwenyekiti akavua miwani, akaikunja, akaichomeka katikati ya Misale.

"Nyumba yenye mtu aliyepita seminari haikosi mafundisho," akasema. "Mama, mfikishie mzee salamu. Mwambie amekufundisha vizuri."

"Aika mbe," nikamshukuru kwa Kichagga. "Zitafika, baba."

Amekufundisha vizuri, yaani mume wangu. Nimeyasikia hayo maneno nikikanda unga, nikiwa kwenye daladala, nikisahihisha mitihani ya nusu muhula. Wifi amejifungua mapacha na mkuu wetu wa shule amehamishwa, na mimi bado niko kwenye ile sebule. Mabinti wawili wa kidato cha tatu walikuwa wamekaa mkekani, walisikia kila kitu. Mume wangu aliacha seminari akiwa kidato cha pili, akaenda kumsaidia baba yake duka la vifaa vya ujenzi. Namheshimu mno. Lakini huyo Sartre hajawahi hata kumsikia, isipokuwa ninapomsimulia mimi.

Usiku wa Jumatatu nilirudi kwa Beauvoir. Mwaka 1929 alifaulu ule mtihani mkubwa wa falsafa Ufaransa akiwa na miaka 21, mdogo kuliko wote waliofaulu, nafasi ya pili. Wa kwanza alikuwa Sartre, ambaye mwaka uliotangulia alikuwa ameanguka. Shajara za Beauvoir za mwaka 1927, kabla hawajajuana, zinamwonyesha tayari anahangaika na suala la nafsi na mtu mwingine. Na bado alipofariki mwaka 1986 kuna magazeti yaliyomwandika kama mfuasi aliyesambaza mawazo ya bwana yule. Kirkpatrick anakataa hilo kwa ushahidi, barua kwa barua. Mwenyewe Beauvoir alizoea kusema mwanafalsafa ni Sartre, si yeye. Hapo nilifunga kitabu, nikakaa.

Sasa sikieni la Jumapili. Baada ya misa ya kwanza tulikuwa nje tunasubiri mvua ipungue, mwenyekiti akaja kumsalimia mume wangu na kumpongeza kwa yale mafundisho. Mume wangu akamshika mkono kwa mikono yote miwili. "Mzee," akasema, "kile kitabu mimi sijakifungua hata ukurasa. Nyumbani anayefundisha ni huyu." Mzee akanigeukia, akanitazama kwa muda, akauliza, "Basi huyo Mfaransa alikufa bila kutubu?" Tukaongea mpaka mvua ikakatika! Ameniomba niongoze tafakari ya Jumamosi ya Matawi.

Nimefurahi, tena sana. Nimeshaanza kuandaa. Ila nakiri moyo haujatulia, maana ilibidi mume wangu ndiye aseme ndipo nisadikiwe kuwa nimesoma mwenyewe. Angekuwa safarini siku ile ingekuwaje? Na dada zetu ambao waume zao hawasemi? Wale mabinti wawili hawakuwepo nje ya kanisa. Nitawatafuta kabla ya Matawi niwaombe wasome masomo.

Kingine, ng'ombe. Asubuhi ya leo kiwele kilikuwa kimevimba upande mmoja, cha moto ukikigusa, na maziwa yalitoka na mabonge. Nimeyamwaga yote, na ndama nimemtenga. Daktari wa mifugo amesema atapita kesho kabla ya saa nne, lakini kwa tope la barabara yetu sasa hivi sijui kama pikipiki yake itapanda. Na maziwa ya wale mapacha wa wifi niliahidi kupeleka mimi, ili mama yao anywe uji.