Tulivyopata amri ya korti ili rufaa ya shamba isikizwe

Mama alishindwa kwenye pingamizi la mpaka wakati ardhi ya kijiji chetu, huku magharibi mwa Kenya, ilipokuwa ikipimwa. Akakata rufaa kwa Waziri wa Ardhi. Sheria ya upimaji, Sura ya 284, humpa mtu siku 60 za kukata rufaa hiyo, na mama aliwahi. Kinachonikera hadi leo ni kwamba raia hupewa siku za kuhesabu, ila Waziri hawekewi ukomo wa kuamua. Kazi yenyewe hukabidhiwa naibu kamishna wa kaunti, na huko ndiko faili yetu ilikolala miaka nenda, miaka rudi.

Rufaa isipoamuliwa, shamba huwekewa zuio kwenye sajili. Haliuzwi, haligawanywi, benki hailikubali kama dhamana. Hata jirani tuliyekuwa tukizozana naye alikuwa amekwama vilevile. Lililoniuma zaidi ni wazee. Wanaojua mpaka wa zamani ulipita wapi walikuwa wakituondokea mmoja mmoja, na shahidi akishazikwa, hakuna jaji atakayemfufua.

Wakili tuliyempata Kisumu alimweleza mama bila kumficha: "Mama, jaji hatakupa shamba. Atakachokupa ni siku ya kusikizwa."

Mama hakufurahi, lakini hapo ndipo wengi hupotea: wanaingia kortini kuomba ardhi, wanaambiwa rufaa yao bado iko kwa Waziri. Sisi tuliomba jambo moja tu, ofisa ashurutishwe kusikiza rufaa na kuiamua. Kifungu cha 47 cha Katiba ya 2010 kinampa kila mtu haki ya kuhudumiwa na serikali kwa haraka na kwa haki, na sheria ya 2015 iliyotokana nacho inairuhusu korti kuingilia kati ofisa anapochelewa kupita kiasi. Mahakama ya Rufani ilishasema mwaka 1997, katika kesi ya Baraza la Mitihani, kwamba amri ya namna hii humlazimisha ofisa kufanya kazi yake, haimwelekezi aamue vipi.

Kilichotubeba ni makaratasi. Kila barua ya kuulizia rufaa niliipeleka kwa mkono, nikabaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa na tarehe. Kujibiwa kwa mdomo "njoo baada ya sikukuu" hakuthibitishi lolote. Nakala zile, pamoja na ile ya rufaa yenyewe, ziliambatishwa kwenye hati ya kiapo ya mama katika Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Wakili wa serikali alisema faili ni nyingi. Uchelewaji wenyewe hakuweza kuukana.

Jaji akatoa amri yenye muda maalumu, bila kugusa ni nani mwenye shamba. Amri haijipeleki: tulihakikisha imekabidhiwa ofisini na kutiwa sahihi, na tukampa jirani nakala yake.

Rufaa ilisikizwa pale pale shambani, mzee mmoja akitembea mbele na fimbo kuonyesha palipokuwa na mkonge wa mpaka. Mama alipata sehemu ya alichodai, jirani akabaki na nyingine. Msoroveya ameshaweka alama, na sasa tunafuatilia zuio liondolewe ili hatimiliki itoke.